Ukimya wa Shula si kukiri

Filamu ya I Am Not a Witch, yaani "Mimi si mchawi", ilitoka mwaka 2017. Aliyeiandika na kuiongoza ni Rungano Nyoni, mzaliwa wa Zambia aliyekulia Wales. Kisa kinaanza na jambo dogo sana. Mama mmoja anatoka kuchota maji, anamwona mtoto wa kike asiyemjua amesimama njiani, anajikwaa, maji yanamwagika. Basi! Kwa hilo tu mtoto anashtakiwa polisi eti ni mchawi.

Hapo polisi ndo filamu inapong'aa. Mwanaume mmoja anaeleza jinsi mtoto alivyomkata mkono kwa shoka. Lakini mkono si huo hapo, mzima? Kumbe aliota. Unacheka, halafu kicheko kinakukwama, maana mtoto anaulizwa kama ni mchawi na yeye hasemi ndiyo wala hapana. Wakubwa wanauchukua ukimya huo kuwa jibu.

Anapelekwa kambi ya wachawi, anafungwa utepe mweupe mgongoni, anaambiwa akiukata atageuka mbuzi. Anapewa jina la Shula, maana yake aliyeng'olewa. Sisi tulioacha makwetu hatuhitaji mkalimani hapo.

Baadaye Bwana Banda, mtu wa serikali, anamtumia kuonyesha mwizi kati ya wanaume waliopangwa mstari. Mtoto hajui mwizi ni nani. Wakubwa wanataka kidole, naye ananyoosha. Aliyesingiziwa anafundishwa kushuku wengine. Sijaona filamu nyingine iliyosema hilo waziwazi hivi.

Kasoro ipo. Wale bibi wa kambini wanaomlea Shula tunawaona kama kundi tu, hatujui kila mmoja alifikaje pale. Ningependa kusikia hata kisa kimoja.

Vijana wengine wanasema Shula ni mzito, angejitetea. Mi sikubali. Mtoto mgeni, peke yake mbele ya wakubwa, atajiteteaje? Hapa kwetu pia mtoto akiitwa ofisini anainamisha kichwa kwa heshima, na anayemhoji, hasa kama hajui mila zetu, anaandika kwamba anaficha kitu.

Kwa hiyo naomba filamu hii waione kwanza wazazi, viongozi wa bloku na wafanyakazi wa mashirika, ndo watoto wafuate. Wakiitazama wajiulize: mbona maswali yote aliulizwa mtoto, na hakuna aliyemuuliza yule mama alijikwaa kwenye nini?