Ukanda Kipofu: Kasoro Iliyo Karibu na Kipimo

Fundi anayepima laini ya faiba ya kilomita 40 kwa kipimo cha OTDR anaweza kukiona kiungo kibovu kilichoko kilomita 32 mbele, akaikosa konekta chafu iliyo mita 5 kutoka alipokaa. Sababu ni ukanda kipofu.

OTDR hutuma mapigo ya mwanga ndani ya uzi wa kioo, kisha hupima kinachorudi. Njia nzima, mwanga hafifu hutawanyika na kurudi nyuma. Huo ndio unaochora mstari unaoshuka polepole kwenye skrini. Lakini kioo kinapokutana na hewa, mwanga huakisiwa kwa nguvu. Ncha tupu iliyokatwa wima hurudisha takriban asilimia 4, mara maelfu zaidi ya ule hafifu. Kitambuzi hulemewa, na kila mikrosekunde 1 kinayochukua kutulia huficha takriban mita 100 za uzi; sehemu hiyo iliyofichwa ndiyo ukanda kipofu.

Kanda hizi ni mbili. Ukanda kipofu wa tukio, yaani wa konekta au kiungo, hupimwa hadi mwako wa mwanga ulioakisiwa unaposhuka desibeli 1.5 chini ya kilele. Ndani yake, konekta mbili huonekana moja. Ukanda kipofu wa upotevu ni mrefu zaidi: huisha mstari unaporudi ndani ya desibeli 0.5 ya mkondo wake wa kawaida. Kabla ya hapo unaweza kuona kwamba kuna tukio, ila huwezi kupima linapoteza mwanga kiasi gani.

Upana wa pigo ndio huamua mengi. Pigo la nanosekunde 10 hutenganisha matukio yaliyoachana mita 1 hivi. La nanosekunde 100 huhitaji mita 10. Kwa hiyo konekta mbili za paneli zilizoachana mita 3 zitaungana kwenye grafu ukitumia pigo la pili. Hata hivyo, pigo fupi lina nguvu ndogo, halifiki mbali. Laini ndefu ipimwe mara mbili: pigo fupi kwa karibu, pana kwa mbali.

Kisha ufungwe uzi wa kuanzia, mara nyingi mita 500 hadi kilomita 1, kati ya kipimo na laini. Mwako wa mwanzo huishia humo, na konekta ya kwanza hupata mstari mnyoofu pande zote mbili, hivyo upotevu wake husomeka. Uzi kama huo ukifungwa mwisho wa laini, konekta ya mwisho nayo hupimika.

Mteja anayekabidhiwa laini mpya adai ripoti itaje upana wa pigo na urefu wa nyuzi hizo. Bila hivyo, hana ushahidi kwamba konekta za mwanzo na mwisho zilipimwa.