Wakati Katika Nchi ya Narnia

Msomaji, wazee walisema kwamba wakati ni ukuta, na apiganaye nao huumia mwenyewe. Katika maisha yetu neno hili halina mpinzani. Lakini mtunzi wa hadithi anapobuni nchi yake mwenyewe, yenye jua lake na wafalme wake, anaweza kuubomoa ukuta huo kwa tone la wino. Swali la mhakiki ni hili: ukuta ukiisha kubomolewa, ni nani aumiaye? Ikiwa hapana aumiaye, basi mtunzi amefanya kiinimacho tu. Natupime swali hili kwa vitabu saba vya C. S. Lewis juu ya nchi ya Narnia, vilivyotoka kimoja kimoja tangu mwaka 1950 hata 1956.

Lewis, mzaliwa wa Belfast, alikuwa mwalimu wa chuo kikuu, kwanza Oxford na baadaye Cambridge. Katika kitabu chake cha 1950, mtoto Lucy anaingia katika kabati la nguo na kutokea katika mwitu wenye theluji. Anakaribishwa chai na kiumbe nusu mtu nusu mbuzi, akakaa huko saa nyingi. Arudipo, nduguze hawajapata hata nafasi ya kumkosa, nao wanamdhania mwongo. Mzee mwenye nyumba, mtu wa elimu, anawaambia kwamba mtoto mwongo angalijificha kitambo ili uongo wake ufanane na kweli. Kwa hiyo hitilafu ile ya wakati yageuka kuwa shahidi wa Lucy. Tena, Lucy ameumia, maana amekataliwa na watu awapendao.

Walakini mwisho wa kitabu hicho hicho una pengo. Lucy na nduguze watatu wanatawala Narnia miaka mingi, wakawa watu wazima, wakazoea hata usemi wa kifalme. Siku moja wanamfuata kulungu mweupe mwituni, wakajikuta wametoka kabatini, watoto tena, siku ile ile na saa ile ile. Mfalme aliyeongoza majeshi sasa ni mwanafunzi wa shule. Aliona uchungu gani? Mtunzi hatuambii. Utu uzima umevuliwa kama kanzu, wala hakuna aliyelia. Mimi nahesabu jambo hilo kuwa upungufu.

Deni hilo linalipwa katika Prince Caspian, kitabu cha mwaka 1951. Uingereza umepita mwaka mmoja. Watoto wanarudi Narnia na kukuta magofu yaliyomezwa na miti. Wanaona kisima, wanaona mitofaa, wanaokota farasi wa sataranji aliyefuliwa kwa dhahabu, na mwisho wanafungua chumba cha hazina. Magofu yale ni jumba lao wenyewe! Miaka 1300 imepita, na rafiki zao wa siku zile wamekufa. Hapa wengi watakumbuka Watu wa Pangoni, ambao habari yao imo katika Kurani. Walilala miaka 300 na 9 zaidi, wakadhani ni siku moja au sehemu ya siku, wakamtuma mwenzao mjini kwa fedha yao kununua chakula. Na wafasiri husimulia kwamba fedha hiyo ya kale ndiyo iliyowatambulisha. Jifunze hapa. Mtunzi hodari hatosheki kusema kwamba miaka mingi ilipita. Huweka mkononi mwako sarafu, au farasi wa sataranji, ukaona mwenyewe.

Wako wanaolalamika kwamba hesabu ya Narnia haina kanuni. Mara mwaka mmoja wa Uingereza ni miaka 1300, mara, katika kitabu cha 1952, ni miaka mitatu tu. Mwana hesabu ana haki ya kunung'unika. Lakini mimi naona kwamba kukosekana kwa kanuni ndiko kunakotia hofu, kwa sababu anayeweza kupiga hesabu aweza pia kujiandaa. Tazama kitabu cha 1953. Limetolewa agizo kwamba kijana Eustace amsalimu mara moja rafiki wa zamani atakayemwona. Miezi michache nyuma alisafiri baharini pamoja na Caspian, mfalme kijana. Sasa mbele yake mfalme mkongwe anapanda chomboni. Eustace hamtambui; chombo kinang'oa nanga; agizo limepotea. Mtunzi hakuhitaji mchawi kuwaletea watoto taabu. Miaka peke yake ilitosha.

Basi, msomaji, utakaposoma au kuandika hadithi ambayo jini humlaza mtu usiku mmoja akaamka baada ya karne, usiulize tu kama hesabu ni sawa. Uliza ni nani aliyefika nyumbani akabisha hodi, akafunguliwa na mgeni. Hadithi isiyo na jibu la swali hilo imechezea saa, wala haijagusa wakati.