Uyoga na Wakati katika Nchi ya Ajabu: Ngeli ni Kikwazo au ni Neema?

Kuna dai lililozoeleka miongoni mwa wanafunzi wa tafsiri, na baadhi ya walimu wao, kwamba mfumo wa ngeli wa Kiswahili ni kikwazo kwa hadithi za njozi zitokazo ugenini. Husemwa kwamba lugha inayoidai kila nomino upatanisho wake haiwezi kukiacha kitu kigeuke mtu bila sarufi kuteguka. Nililisikia dai hilo nilipokuwa nikisomea shahada ya uzamili ng'ambo, nikalinakili daftarini bila kulihoji. Leo nataka kulihoji.

Mfano wangu ni kitabu cha Lewis Carroll kilichochapishwa mwaka 1865. Wasomaji wa Kiswahili walikipata mwaka 1940 kwa jina la Elisi katika Nchi ya Ajabu, katika tafsiri ya E. V. St Lo Conan-Davies, na tena mwaka 2015 kwa jina la Alisi Ndani ya Nchi ya Ajabu, katika tafsiri ya Ida Hadjivayanis. Sikusudii kuzipima tafsiri hizo neno kwa neno. Nauliza tu lugha yenyewe inampa mfasiri nini anapofika penye uyoga na penye wakati.

Mambo hayo mawili ni nguzo za kitabu, ijapokuwa wahakiki huyatenga. Katika sura ya tano kiwavi ameketi juu ya uyoga akivuta buruma, naye anamfunulia Alisi kwamba upande mmoja wa uyoga huo hurefusha na wa pili hufupisha. Katika sura ya saba Alisi anafika kwenye karamu ya chai ya Mshona Kofia, Sungura na panya asinziaye. Watatu hawa ni kama chama cha mafundi kilichokwisha kufunga daftari la wanachama: meza ni kubwa, viti ni tele, lakini mgeni akitokea wanapiga kelele kuwa nafasi hakuna. Wamegombana na Wakati, naye amewagandisha jioni ile ile.

Sasa tutazame sarufi. Uyoga huu, wakati huu: nomino zote mbili huchukua upatanisho wa u-. Carroll hakuweza kuliona hilo kwa Kiingereza, lakini msomaji wa Kiswahili hulisikia. Uyoga humbadilisha mtu, nao wenyewe hubaki kitu tangu mwanzo hadi mwisho. Haumjibu mtu wala haukasiriki; hukatwa, hutiwa mfukoni, huonjwa kwa kipimo. Wakati, kinyume chake, huondoka katika u- na kuingia katika a-. Alisi anapouzungumzia wakati kama kitu cha kupotezwa, Mshona Kofia anamkosoa: huyo ni mtu. Kiingereza hufanya kazi hiyo kwa kubadili kiwakilishi kimoja. Kiswahili huigeuza sentensi nzima, kwa kuwa kitenzi, kivumishi na kionyeshi vyote hubadilika pamoja. Kishindo hicho ndicho ichekeshacho. Sioni kwa nini tukiite kasoro.

Wala si jambo geni kwetu. Kiwavi chenyewe kina ki-, lakini tunasema kiwavi anavuta, maana uhai hushinda umbo la nomino. Katika Al-Inkishafi mshairi anauhutubia moyo wake kama mtu aliyeketi mbele yake, na hakuna msomaji aliyelalamika kwamba moyo ni wa ngeli nyingine.

Kuna faida nyingine, nami naiona kubwa zaidi. Mzaha wa Carroll umeegemea usemi wa Kiingereza wa kuua wakati: Mshona Kofia aliimba mbele ya Malkia wa Kopa, akashutumiwa kwamba anamwua Wakati, na ugomvi ukaanzia hapo. Sisi hatuna mazoea ya kuua wakati, tunaupoteza. Mfasiri mwenye haraka atautafsiri usemi huo kama ulivyo, na msomaji atabaki akishangaa. Lakini tazama kitenzi chetu kinavyofanya kazi kikibadilishiwa kiambishi kimoja tu. Kuupoteza wakati ni uzembe. Kumpoteza Wakati ni msiba, kwani ndivyo tusemavyo tukifiwa. Kifo ambacho Kiingereza hukipata kwa usemi maalumu, Kiswahili hukipata ndani ya kiambishi cha mtendwa.

Kuhusu saa, sina budi kutaja kosa ambalo mwanafunzi hulifanya akifuata nambari: saa ya karamu si saa sita, ni saa kumi na mbili jioni. Kwa Mwingereza hiyo ni saa ya chai tu. Kwa hesabu ya jadi ya Waswahili jua likitua siku mpya huingia, na usiku wa Jumanne hutangulia mchana wake. Watatu hao basi wamegandishwa kizingitini, mahali ambapo siku moja imekwisha na nyingine haijaruhusiwa kuanza. Mshona Kofia ana saa inayoonyesha tarehe badala ya saa (neno letu moja kwa chombo na kwa kipimo chake linauzidisha mzaha), nayo imekosea kwa siku mbili. Kwa mapokeo yetu kosa hilo lina mantiki ya kutisha: tarehe itasahihishwaje ikiwa magharibi haiishi?

Na Sungura je? Yule tumjuaye, amshindaye Fisi na Simba, hapa ni mhusika aliyetia siagi ndani ya saa kisha akajitetea kwamba siagi ilikuwa bora. Hadhi yake imeshuka, lakini msomaji aliyelelewa na ngano zetu hucheka mara mbili. Alisi ndiye anayeurithi ujanja wake. Akiisha kuiacha meza ile anaona mlango katika mti, anarudi ukumbini, anachukua ufunguo wa dhahabu, kisha anamega uyoga aliouweka mfukoni mpaka afikie kimo cha kuingia bustanini. Aliye na u- yake mkononi hutoka. Waliomuudhi a- hubaki mezani.

Palipo na hasara ya kweli ni kwenye jina la Mshona Kofia. Kiingereza kina msemo unaomfanya fundi huyo kuwa kielelezo cha wazimu. Pwani yetu kushona kofia ni kazi ya subira na heshima, na msomaji wa Lamu atahitaji kurasa kadhaa kabla hajakubali kwamba mtu huyu hana akili timamu.