Siku Tano za Kowloon

Tamasha la Tokyo Rocks lilipofutwa mwezi Mei 2013, bendi ya Blur ya Uingereza ilijikuta Hong Kong ikiwa na siku tano zisizo na onyesho. Waliingia Avon Studios, studio ndogo upande wa Kowloon, wote wanne kama walivyoanza: Damon Albarn mwimbaji, Graham Coxon mpiga gitaa, Alex James wa besi na Dave Rowntree wa dramu. Albamu ya mwisho waliyoitengeneza pamoja mwanzo hadi mwisho ilikuwa “13”, ya mwaka 1999.

Hapo katikati palikuwa na jeraha. Coxon aliondoka mwaka 2002, albamu ya “Think Tank” ikiwa bado jikoni, na gitaa lake likabaki katika wimbo mmoja tu. Mwaka 2009 walirudi jukwaani pamoja, wakapiga Hyde Park, London. Jukwaani, hata hivyo, nyimbo za zamani humbeba kila mtu. Studio hudai kitu kipya, na kwa miaka kadhaa albamu mpya haikutoka.

Kowloon hawakwenda na nyimbo zilizokamilika. Albarn alileta vipande vya melodia, wenzake wakavidaka na kuvipiga kwa muda mrefu, huku mitambo ikirekodi. Albarn hakuwa mgeni na mwendo huo: mwaka 2011 alikwenda Kinshasa na watayarishaji wenzake, wakarekodi “Kinshasa One Two” na wanamuziki wa Kongo, pia kwa siku tano. Faida ya kupiga hivyo ni kwamba kila mmoja hulazimika kumsikiliza mwenzake, maana hakuna ajuaye wimbo unaelekea wapi.

Siku tano zikaisha, rekodi zikakaa zaidi ya mwaka bila kuguswa.

Mwishoni mwa 2014 Coxon aliomba azipitie. Alimwita Stephen Street, mtayarishaji aliyesimamia albamu za Blur tangu “Modern Life Is Rubbish” ya 1993 hadi ile ya 1997 iliyobeba jina la bendi. Wawili hao walikaa na rekodi ndefu zenye kusitasita kwingi, wakitafuta pale ambapo besi na dramu zimekaa sawa na gitaa limepata la kusema. Kipande kizuri kilikatwa, kikarudiwa hadi kikawa ubeti. Kingine kikafanywa kiitikio. Kisha Coxon akaongeza magitaa pale palipopwaya. “Thought I Was a Spaceman”, wenye zaidi ya dakika sita, bado unaonyesha ulikotoka: unaanza mwembamba, ala zinaingia taratibu, kama watu wanaofika mmoja mmoja kwenye baraza.

Hapa ndipo ilipo siri ya “The Magic Whip”, albamu iliyozaliwa na rekodi hizo. Kisu cha kukatia walipewa watu wawili, na mmoja wao alikuwa yule yule aliyewahi kuondoka. Mtayarishaji peke yake angeweza kunyoosha kila kitu. Coxon alijua ni kusitasita kupi ambako ndiko muziki wenyewe. Albarn naye, aliyezoea kushika usukani, alikubali kupokea nyimbo zikiwa na umbo tayari.

Bendi ya Yes ilifanya kinyume. Albamu yao ya “Union” ya 1991 ilikusanya wanamuziki wanane wa zama tofauti, lakini kwa kuunganisha kazi za makundi mawili yaliyorekodi mbalimbali, huku wapigaji wa kukodi wakijaza nafasi. Rick Wakeman, mpiga kinanda wao, aliibandika jina la kitunguu kwa sababu kila akiisikiliza ilimliza. Majina yote yamo. Chumba kimoja hakikuwapo.

Kwa Blur, maneno yalikuja mwisho. Desemba 2014, Albarn akitoka Australia, alipita tena Hong Kong kuyatafuta pale pale sauti zilipozaliwa. “There Are Too Many of Us” ulichota katika tukio la watu kushikwa mateka mjini Sydney, lililomkuta akiwa mjini humo. Mapema 2015 akaingiza sauti, na Aprili “The Magic Whip” ikatoka na kushika namba moja Uingereza. Katika “My Terracotta Heart” Albarn anaimba kuhusu urafiki wake na Coxon, juu ya muziki uliokatwa na kupangwa na Coxon mwenyewe, na gitaa linalomjibu ni la rafiki huyo.