Mtenda na Mtukuzwa: Wanawake Watakatifu katika Masimulizi ya Legio Maria

Masimulizi ya watakatifu ni utanzu mkongwe katika Ukristo, na mara nyingi utanzu huu umempa mwanamke heshima huku ukimnyima kauli. Kisa cha Perpetua, aliyeuawa Carthage mwaka 203, ni miongoni mwa vichache ambavyo sehemu yake hudhaniwa kuandikwa na mwanamke mwenyewe. Wengi wa wenzake humfikia msomaji kwa kalamu za wanaume.

Suala hilo hujitokeza waziwazi katika masimulizi ya Legio Maria, kanisa lililozuka miongoni mwa Waluo wa Nyanza Kusini, yaani Migori na Homa Bay za leo, mwanzoni mwa miaka ya 1960. Jina lake linatokana na chama cha walei Wakatoliki kilichoasisiwa Dublin mwaka 1921, ambacho mwanamke mwingine, Edel Quinn, alikieneza Afrika Mashariki kuanzia 1936 hadi alipofariki Nairobi mwaka 1944. Pamoja na Simeo Ondeto, masimulizi ya kanisa hili yana wahusika wawili wakuu wa kike: Gaudencia Aoko na Mama Maria.

Kifani, wahusika hawa wamejengwa kwa njia mbili tofauti. Aoko ni mhusika wa vitenzi. Mwaka 1963, akiwa na umri wa miaka 20 hivi, alifiwa na watoto wawili kwa siku moja. Akahubiri mbele ya umati, akabatiza, akawataka watu wateketeze hirizi. Mama Maria ni mhusika wa majina. Kwa waumini, mwanamke huyu aliyefariki mwaka 1966 ndiye Mama wa Mungu aliyerejea katika umbo la Mwafrika. Huitwa Mama, huitwa Bikira, maneno ya Kiswahili yaliyopata makao katika ibada ya wasemaji wa Dholuo.

Waandishi wengi humweleza Aoko kwa kuanzia na msiba wake. Hapa pana hatari. Ondeto husimuliwa kana kwamba unabii ndiyo asili yake, ilhali unabii wa Aoko hutafutiwa sababu katika uchungu wa mzazi. Hata hivyo, si haki kuuondoa msiba huo katika kisa. Katika jamii ambamo vifo vya ghafla huzua swali la nani amewaroga marehemu, kuchoma hirizi kulikuwa jibu la kiimani kwa swali hilo. Kwa hiyo msiba wa Aoko usomwe kama hoja yake, wala si kama udhaifu wake.

Tofauti ya kifani ilizaa tofauti ya kimaudhui. Aoko alitengana baadaye na uongozi wa Ondeto, na ngazi za upapa, ukadinali na ukasisi zikabaki mikononi mwa wanaume. Mama Maria, kinyume chake, alizidi kutukuzwa. Mahali patakatifu panapohusishwa naye katika Homa Bay paliitwa Efeso. Jina hilo ni uhakiki kamili: linaikumbuka Efeso ya kale, ambako mapokeo mengine husema Maria aliishi siku zake za mwisho, na ambako mtaguso wa mwaka 431 ulimthibitisha kuwa Mama wa Mungu. Got Kwer, Migori, alikozikwa Ondeto mwaka 1991, nako huitwa Kalvari. Waumini wameisoma historia ya Ukristo na kuiandika upya juu ya ardhi yao.

Usomaji huo mpya una ujasiri, kwani unamtoa Maria mweusi mbele ya sanamu za wamisheni. Lakini haukuivunja kanuni ya zamani ya utanzu: anayetukuzwa hudumu, anayetenda huwekwa kando. Mhakiki wa fasihi simulizi atakayekusanya nyimbo na shuhuda za Legio Maria hana budi kuuliza, katika kila kisa, ni mwanamke yupi aliyepewa sifa na ni yupi aliyepewa vitenzi.