Irenic: Kivumishi cha Hasimu Mwema

Kiingereza kina vivumishi vingi vya kumsifu mtu wa amani, na kimoja kati ya hivyo, yaani "irenic", hakitumiki mara kwa mara hata na wenyewe wenye lugha. Hakisikiki sokoni wala katika taarifa ya habari. Aghalabu hukutwa mahali pawili: katika tahakiki za vitabu vya dini na falsafa, na katika maneno ya kumkumbuka mwanachuoni aliyefariki. Husemwa kwamba kitabu fulani kina sauti ya namna hiyo, au kwamba marehemu alikuwa na tabia hiyo, na msomaji akifungua kamusi huambiwa kwa ufupi kuwa maana yake ni -enye kuleta amani, au -enye kupenda upatanisho. Kamusi haikukosea. Hata hivyo naona imeacha nje kiini cha neno, na kiini hicho ndicho kilichonifanya niliandikie kurasa hizi, kwani ni jambo ambalo sisi tunalo katika maisha yetu lakini hatujalipa jina.

Asili yake ni Kigiriki. Eirene ni amani, na kwa Wagiriki wa kale Eirene alikuwa pia mungu wa kike, mmoja wa mabinti watatu wa Zeus na Themis. Dada zake walikuwa Eunomia, yaani utaratibu mwema wa sheria, na Dike, yaani haki. Katika karne ya 4 kabla ya Kristo mchongaji Kephisodotos aliwachongea Waathene sanamu ya Eirene akiwa amempakata mtoto Ploutos, ambaye ni utajiri. Sanamu yenyewe imepotea, lakini nakala iliyochongwa zama za Warumi ipo mjini Munich hadi leo. Mwenye kuitazama huona mama na mwana, na moyo wake hutulia. Lakini asiwasahau dada wawili ambao hawapo pale. Amani ya Wagiriki ilizaliwa tumbo moja na haki na sheria. Haikuzaliwa na kimya.

Kivumishi hiki kina jirani zake, nao hatuna budi kuwatenga nacho. "Conciliatory" limetokana na Kilatini na magazeti hulipenda: waziri ametoa hotuba ya namna hiyo, chama cha wafanyakazi kimejibu kwa sauti ya namna hiyo. Harufu yake ni ya mtu anayerudi nyuma hatua moja, pengine kwa kuwa amechoka au amezidiwa nguvu. "Pacific" nalo limeundwa kwa maneno mawili ya Kilatini, amani na kufanya. Magellan aliipa jina hilo bahari aliyoikuta imetulia mwaka 1520, na leo watu wengi hulijua kama jina la bahari kuliko sifa ya mtu. Kitenzi cha ukoo huohuo, "pacify", kina historia mbaya katika nchi zetu, kwani wakoloni wa Kiingereza walikitumia kwa maana ya kupeleka askari mpaka wenyeji wanyamaze. Tarehe 19 Oktoba 1905 Koitalel arap Samoei, kiongozi wa Wanandi wa Kenya, alikwenda kuonana na Richard Meinertzhagen katika mkutano uliosemwa kuwa wa kutafuta suluhu, akapigwa risasi akafa. Kazi ya namna hiyo nayo iliitwa kutuliza nchi. Ukoo wa Kilatini, basi, umeingia damu. Neno la Kigiriki limebaki safi, na sababu mojawapo ni kwamba halikuwa neno la majeshi.

Mtu aliyeliishi neno hili kabla Waingereza hawajalipata alikuwa askofu wa Lyon, katika nchi ambayo leo ni Ufaransa. Jina lake Irenaeus, ambaye Wakatoliki wetu humwita Ireneo, na maana ya jina hilo ni mtu wa amani. Asili yake ilikuwa Asia Ndogo, na katika ujana wake alimsikiliza mzee Polycarp wa Smyrna, mji ambao sasa ni Izmir nchini Uturuki. Mnamo mwaka 190 hivi palizuka ugomvi mkubwa juu ya tarehe ya Pasaka. Wakristo wa Asia Ndogo waliifuata siku ya 14 ya mwezi wa Nisan wa Kiyahudi, iangukie siku yoyote ya wiki. Roma na makanisa mengine mengi yalishika Jumapili. Ikawa wengine wanakula karamu ilhali wenzao wangali wamefunga. Victor, askofu wa Roma, akataka kuwatenga wale wa Asia, na Irenaeus akamwandikia barua ya kumzuia. Mwanahistoria Eusebius, aliyetuhifadhia habari hii katika karne ya 4, aliona kwamba mtu huyo alilistahili jina lake.

Jambo la kuzingatia ni kwamba Irenaeus mwenyewe alishika Jumapili. Hakusimama katikati. Katika shauri lenyewe alikuwa upande wa Victor, wala hakuficha. Alichokataa ni kuwakata ndugu kwa sababu ya shauri hilo. Alimkumbusha Victor kwamba zamani Polycarp alikwenda Roma kuonana na Anicetus, wakazungumza habari ya kufunga na Pasaka, hakuna aliyeweza kumvuta mwenzake, na bado walishiriki ibada moja wakaagana kwa amani. Wala tusidhani alikuwa mtu asiyeweza kuuma. Ndiye aliyeandika vitabu 5 dhidi ya mafundisho aliyoyaona kuwa uzushi, na ndani yake aliwadhihaki wapinzani kwa kubuni nasaba ya nguvu za mbinguni zinazozaa boga, tango na tikiti. Januari 2022 Papa Francis alimtangaza kuwa Mwalimu wa Kanisa, kwa sifa ya Mwalimu wa Umoja. Mwenye kicheko kikali kiasi hicho amepewa sifa hiyo, nami naona amepewa kwa haki.

Kutokana na habari hii napata vipimo viwili vya neno letu. Kwanza, mwenye sifa hii ana upande wake na anaukiri waziwazi. Pili, maneno yake magumu juu ya amani huyaelekeza kwanza kwa watu wa upande wake. Irenaeus hakuwaandikia watu wa Asia kuwataka walegeze msimamo ili Victor atulie. Alimwandikia Victor, ambaye ndiye aliyekuwa na nguvu, na ndiye aliyekuwa wake.

Tukivichukua vipimo hivi tukavitia katika matumizi ya leo, tutaona neno limevaa nguo ambazo si zake. Mhakiki husema kitabu ni "irenic" kwa kuwa mwandishi hakumtaja mpinzani hata mmoja, kila sura inaisha kwa kusema pande zote zina ukweli wake, na msomaji anafunga kitabu asijue mwandishi anaamini nini. Huyo hakupatana na mtu, kwa sababu hakutofautiana na mtu. Wengine hulitumia kwa mtu mpole wa sauti. Lakini sauti ni tabia ya koo. Yuko mwenye sauti ya asali ambaye hajapata kukubali kwamba mpinzani wake ana akili.

Matumizi ya tatu ni ya kulifanya neno kuwa bendera juu ya jahazi la vita. Mwaka 1865 Edward Pusey wa Oxford alitoa kitabu alichokiita Eirenicon, jina la ukoo uleule lenye maana ya pendekezo la amani, juu ya kurudisha umoja kati ya Kanisa la Kiingereza na Roma. Ndani yake alikusanya mifano mingi ya heshima ya Kikatoliki kwa Bikira Maria ambayo yeye aliiona imepita kiasi. Rafiki yake wa zamani, John Henry Newman, aliyekuwa ameingia Ukatoliki mwaka 1845, alimjibu mwaka uliofuata na kumlalamikia kwamba tawi lake la mzeituni alikuwa akilirusha kama jiwe la mtambo wa vita. Naamini Pusey aliitaka amani kwa dhati. Lakini sehemu hiyo ya kitabu ilihesabu ya nyumba ya jirani, na jina la jaladani halikuweza kuiokoa.

Sasa tugeukie kwetu. Kiswahili si maskini wa maneno ya amani. Tunayo amani na suluhu, tuliyoyapata kwa Kiarabu, na tunalo patana, lililojengwa juu ya pata kwa kiambishi cha kutendana, kana kwamba watu waliogombana wamepoteana na sasa wanapatana tena. Tunaye mpatanishi, tunaye msuluhishi, tunaye mpole. Lakini tazama wote hawa wamekaa wapi. Mpatanishi na msuluhishi hukaa katikati; sifa yao ni kutokuwa na upande. Mpole huenda hayumo katika ugomvi kabisa. Hata methali zetu humwelekea zaidi mtu wa tatu: ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kapu ukavune. Na zinapomtaja mwenye upande, humtuhumu: mwamba ngoma, ngozi huvutia kwake. Ni kweli huvutia kwake. Lakini hakuna jina la yule anayevutia kwake huku akiangalia ngozi isipasuke.

Mtu huyo nimemwona kwa macho. Pwani yetu ina mgogoro wake wa tarehe, nao unafanana na ule wa Pasaka kiasi cha kushangaza, ila wetu ni wa kuandama kwa mwezi. Zamani kila mji ulitazama mwezi wake. Kisha zikaja redio na simu, habari ya mwezi wa Saudia ikawa inafika usiku uleule, na wapo walioona kwamba mwezi ukionekana popote umeonekana kwa wote. Tangazo la Kadhi Mkuu kule Kenya, au la Mufti huku Tanzania, halimalizi shauri kila mwaka. Katika ukoo wetu, hapa Tanga, baba mkubwa alikuwa wa mwezi wa karibu. Wanawe wawili walikuwa wa mwezi wa mbali. Mwaka mmoja nyumba yake ilikuwa na Idi mbili, na katikati ya Mfungo Mosi ilikuwa imepangwa arusi ya binti yake, anayeolewa na kijana wa upande wa mbali.

Siku ya Idi ya wanawe, baba mkubwa alikuwa amefunga. Wajukuu walikuja na nguo mpya, akawapa hela za sikukuu mmoja mmoja, akamwambia mama mkubwa awapikie pilau. Wanawe alipowapa mkono aliwaambia wazi kwamba wamekosea, kwamba mwezi hutazamwa angani si redioni, na kwamba hoja zake wanazijua. Jioni barazani, wazee wenzake wa mwezi wa karibu walikuwa na shauri jingine: wasihudhurie arusi ile, ili vijana wajifunze. Hapo ndipo alipokuwa mkali. Aliwaambia kwamba yeye amefunga siku 30 nao wanajua, kwa hiyo hana haja ya kuthibitisha upande wake kwa kususa pilau la mtoto wake, na kwamba atakayesusa asitumie jina la mwezi. Walikuja wote. Mpaka alipofariki hakubadili msimamo wake, na wanawe hawakubadili wao. Kila mwaka Idi zilipoachana waliitembelea ya wenzao.

Wapo watakaoniambia kwamba sifa hii ni ya hatari, kwa kuwa mwenye nguvu hupenda mnyonge awe nayo. Anayedai ardhi yake au mshahara wake huambiwa azungumze kwa lugha ya amani, na akiisha kuizungumza hupewa mkono mtupu. Hoja hii ni ya kweli na siipuuzi. Wanandi waliitwa mkutanoni kwa jina la suluhu. Ndiyo maana nikasema kipimo cha pili ni kuwaelekea watu wa upande wako. Anayemtaka aliyedhulumiwa awe mpole, hali yeye anakaa upande wa aliyedhulumu na hamwambii huyo neno, hajastahili kivumishi hiki hata akinong'ona. Na yako magomvi ambayo si ya tarehe wala ya mwezi. Irenaeus mwenyewe hakuwapelekea wale wa maboga na matango barua ya kuomba wavumiliwe. Kujua ni ugomvi upi unaobeba undugu na upi usioubeba ni sehemu ya sifa yenyewe.

Mfasiri akikutana na neno hili, basi, asiandike -pole, wala asikimbilie -a upatanishi. Kiswahili kina kitenzi ambacho naona kiko karibu zaidi, nacho ni kusikilizana. Tunasema fulani na fulani wanasikilizana, tukimaanisha wako katika hali njema, na ndani ya neno mna masikio mawili na ndimi mbili. Hakuna aliyelazimika kunyamaza. Mtu mwenye kusikilizana na wapinzani wake: ni maneno kadhaa mahali pa moja, na mhariri wa magazeti atayaona marefu. Lakini mtu yeyote wa Tanga aliyehudhuria arusi ile angejua mara moja anasemwa nani.