Uwiano wa Adhabu: Jinsi Gari Lilivyorudishwa kwa Mwenyewe Indiana

Gari likikamatwa katika kesi ya jinai nchini Marekani, mara nyingi hufunguliwa mashauri mawili. La kwanza humkabili mshtakiwa. La pili ni la madai: serikali huomba gari lenyewe litaifishwe, na kiwango cha uthibitisho ni cha chini kuliko kile cha jinai. Kesi ya Timbs dhidi ya Indiana inaonyesha namna mtu aliyekiri kosa anavyoweza kushinda shauri hilo la pili.

Mwaka 2013 Tyson Timbs, mkazi wa Marion katika jimbo la Indiana, aliwauzia makachero heroini mara mbili, kwa jumla ya dola 385. Polisi walichukua gari lake aina ya Land Rover, alilokuwa amelinunua kwa takriban dola 42,000 kutokana na bima ya maisha ya marehemu baba yake. Alikiri kosa, akapewa kifungo cha nyumbani cha mwaka mmoja na miaka mitano ya uangalizi.

Utetezi haukukana kwamba gari lilitumika katika uhalifu. Hoja yake ilikuwa uwiano: faini ya juu kabisa ya kosa hilo ni dola 10,000, na gari lilikuwa na thamani ya zaidi ya mara nne yake. Marekebisho ya Nane ya Katiba yanakataza faini zinazopita kiasi. Mahakama ya mwanzo na ile ya rufani ziliikubali hoja hiyo, lakini mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya Indiana ikatengua, ikisema katazo hilo halijatamkwa kuyabana majimbo.

Tarehe 20 Februari 2019 Mahakama ya Juu ya Marekani ilitamka kwamba linayabana. Majaji wote tisa waliafikiana, na Jaji Ruth Bader Ginsburg, aliyeandika hukumu, alirejea hadi Magna Carta ya 1215. Hata hivyo, hukumu hiyo haikurudisha gari. Ilirudisha shauri Indiana.

Oktoba mwaka huo Mahakama ya Juu ya Indiana iliweka vigezo, kisha shauri likarudi mahakama ya mwanzo. Kwanza, mali lazima iwe ndiyo iliyotumika kutenda kosa. Pili, hupimwa ukali wa kuitaifisha, pamoja na hali ya kiuchumi ya mmiliki, dhidi ya uzito wa kosa na kiwango cha hatia yake. Huko Timbs alishinda kwa kigezo cha pili: aliuza dawa kidogo akiwa mraibu, na bila gari ilimwia vigumu kutafuta kazi na matibabu.

Alikabidhiwa gari Mei 2020, baada ya miaka saba, muda ambao kwa mtu mwenye kipato kidogo ni adhabu nzito peke yake. Juni 2021 Mahakama ya Juu ya Indiana ilithibitisha uamuzi huo wa mahakama ya mwanzo. Kwa vigezo hivyo, mmiliki jimboni humo anaweza kukiri kosa na bado akapinga utaifishaji unaolizidi.